Saa Ikipatikana, Sema

Mwezi huu tuzungumuze juu ya mutu mumoja wa inchi ya Uturuki, Nuri Bilge Ceylan, mupiga picha za sinema na mwenye kuziunganisha.

Alizaliwa Istanbul mwaka wa 1959, akalelewa katika mji mdogo wa Yenice. Alisomea mambo ya umeme, lakini moyo wake ulikuwa kwa picha. Alipofanya filime yake ndefu ya kwanza, Kasaba (1997), feza ilikuwa kidogo. Basi alishika kamera yeye mwenyewe, na wachezaji walikuwa baba yake, mama yake na ndugu zake. Hakungoja mpaka apate vyote.

Mwaka wa 2002 akatoa Uzak, maana yake "Mbali". Alipiga picha mwenyewe, ndani ya nyumba yake Istanbul, na kazi ya kukata na kuunganisha alifanya pamoja na mwenzake.

Habari yake ni hii: kiwanda kimefungwa, kazi ya kijana Yusuf imekufa. Anaacha kijiji, anakuja Istanbul kutafuta kazi ya meli. Anafikia kwa ndugu yake Mahmut, mupiga picha. Siku zinapita, kazi hakuna, na mwenye nyumba anaanza kuchoka. Siku moja saa ya Mahmut inapotea. Anamuzania Yusuf. Kisha anaipata, katikati ya vitu vyake mwenyewe. Lakini anamuficha Yusuf kwamba imepatikana.

Hapa utaona ufundi wa mwenye kukata filime. Wengine wangekata mbio, waende mbele. Ceylan anaacha picha ikae, bila maneno. Unamungoja Mahmut aseme, naye hasemi. Kisha Yusuf anaondoka bila kuaga. Mahmut anabaki kando ya maji, anavuta sigara ambazo Yusuf aliacha, zile alizokuwa anazizarau.

Yusuf alichezwa na binamu ya Ceylan, Mehmet Emin Toprak. Alikufa katika aksidenti ya gari mwezi wa 12, 2002. Mwaka wa 2003, kule Cannes, Ufaransa, yeye na mwenzake Muzaffer Özdemir walipewa zawadi ya wachezaji bora, na filime ikapata zawadi kubwa ya pili.

Mwaka wa 2014 Ceylan alipata ile ya kwanza, kwa filime Kış Uykusu. Siku zile zile watu 301 walikuwa wamekufa katika mugodi wa makaa wa Soma, kwao Uturuki. Yeye na wachezaji wake walisimama mbele ya wapiga picha na karatasi zenye jina la Soma.

Na wewe musomaji, kama kwako kuna ndugu aliyefika ju kazi yake ilikufa, muangalie usoni leo. Kama ulimuzania bure, usimufiche. Saa ikipatikana, sema siku ile ile, mbele hajafunga muzigo wake.