Serikali Itii Hukumu Kwanza

Tarehe 21 Februari 2011, pale Baraka, mashariki mwa Kongo, korti ya kijeshi iliyotoka Bukavu ilimhukumu Luteni Kanali Kibibi Mutware miaka 20 jela. Askari wake walikuwa wamewabaka wanawake wa Fizi siku ya Mwaka Mpya. Akina mama walitoa ushahidi, na korti ikaamuru walipwe fidia. Huku Uvira tulishangilia. Kanali mzima kufungwa kwa ajili ya mama wa shambani! Miaka ikapita, fidia haikulipwa.

Mara nyingi korti zetu za kijeshi humfunga askari na kuiamuru Serikali ilipe pamoja naye, maana askari mwenyewe hana kitu. Hapo ndipo mambo hukwama. Mali ya Serikali haikamatwi. Ofisa wa mahakama anaweza kubeba viti vya mama aliyeshindwa kulipa deni la ndagala, lakini gari la wizara haligusi. Na kabla ya kudai chochote, aliyeshinda kesi hutakiwa alipie nakala ya hukumu, pamoja na ushuru unaohesabiwa kwa asilimia ya fidia ambayo hajaiona.

Mimi ni mjane, nauza ndagala Kalundu. Marehemu alituachia kiwanja Kasenga; kiwanja hichohicho kikauzwa tena kwa mtu mwingine. Nilishtaki, nikapewa haki. Nilipompelekea karatasi ya hukumu yule bwana aliyekinunua, aliisoma taratibu mpaka mwisho, akanirudishia. "Mama," akaniambia, "Serikali yenyewe hailipi hukumu zake, halafu wewe unanidai mimi?" Fundi wake akaendelea kupandisha matofali. Sikuwa na jibu, na kukosa jibu kunaniuma kuliko kiwanja.

Katiba yetu ya 2006, ibara ya 151, inaikataza Serikali kupinga utekelezaji wa hukumu. Kilichokosekana ni mtu wa kuulizwa. Hukumu ikisema "Serikali ilipe", waziri wa leo anamtazama wa jana, karani anakwambia faili liko Kinshasa. Kenya ilikuwa tofauti: Machi 2018, jaji George Odunga aliwatia hatiani waziri Fred Matiang'i, mkuu wa polisi Joseph Boinnet na mkuu wa uhamiaji Gordon Kihalangwa kwa kudharau amri za mahakama katika kesi ya mwanasiasa wa upinzani Miguna Miguna, akamtoza kila mmoja faini ya shilingi 200,000. Ni kweli, Miguna alisafirishwa kwa nguvu hadi Dubai hata hivyo. Lakini waziri alitajwa kwa jina lake na faini ikaandikwa juu yake yeye, si juu ya ofisi. Kwetu sijaona hilo, na ndilo ninalolitaka.

Tangu sheria ya Desemba 2022 tuna mfuko wa fidia kwa wahanga, FONAREV. Uanze na mafaili ambayo majaji walikwisha kuyaamua, kabla ya kuandikisha majina mapya. Nanyi wabunge wa Uvira na Fizi, mkija kuomba kura zetu sokoni, njooni na orodha ya hukumu ambazo Serikali imeshindwa na haijalipa, na jina la waziri anayepaswa kulipa kila moja. Ya Baraka iwe ya kwanza.