Darubini ya Mkongo: Tusajili kiwango, tusisajili jina

STRAIKA akikosa bao la wazi dakika ya 90, adhabu yake ni kuzomewa. Jumatatu atachambuliwa redioni, Jumatano amesahaulika. Kule Mkongo, Rufiji, shuti likitoka nje ya lango usiku, anayelipa sio aliyepiga. Analipa mkulima aliyelala dunguni, au kijana anayerudi nyumbani baada ya mechi.

Nakumbusha kidogo, maana wengine mlikuwa hamjazaliwa. Kuanzia Agosti 2002 hadi Aprili 2004, simba mmoja aliwatesa watu wa vijiji vinane vya Rufiji. Wenyeji walimpa jina la Osama. Katika miezi 20 hiyo waliuawa watu wasiopungua 35. Alipokuja kupigwa risasi na askari wa wanyamapori, alikutwa na jipu kubwa chini ya gego lililopasuka. Mashabiki wa Msimbazi mnisamehe, huyo hakuwa Simba wa kushangiliwa.

Mwaka 2005 jarida la kisayansi la Nature lilichapisha utafiti ulioonyesha kwamba tangu 1990 simba walikuwa wameua zaidi ya watu 560 Tanzania, na Rufiji ilikuwa miongoni mwa wilaya zilizoumia zaidi. Kiungo mchezeshaji wa balaa lile alikuwa nguruwe pori. Nguruwe anafuata mazao shambani, simba anamfuata nguruwe, na katikati yupo binadamu aliyelala kwenye dungu akilinda mpunga wake.

Utaniuliza haya yanafanya nini kwenye kurasa za michezo. Jibu ni rahisi. Mechi za Ulaya zinaanza saa nne au saa tano usiku. Mpira ukiisha, banda umiza linafungwa, na mashabiki wetu wanashika njia gizani. Ile barabara ya kutoka Kibiti kupita Mkongo kwenda Mloka inaelekea kwenye Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, iliyomegwa kutoka Pori la Akiba la Selous mwaka 2019. Mnyama hajui mpaka wa hifadhi, na hajui kama umetoka kufungwa mabao matatu.

Sasa niingie kwenye hoja. Siku hizi kila wanapokutana watu wenye bunduki za halali na askari wa wanyamapori, utasikia habari ya "kidoti". Ni kile kifaa kinachofungwa juu ya raifo, ukichungulia unaona nukta nyekundu. Ubishi ni uleule wa dirisha la usajili. Huyu anasema bila jina kubwa la Ulaya hakuna kitu, yule anasema bei chee inatosha. Mimi nasema wote wanaanza na swali la pili.

Tuelewane kwanza kidoti ni nini. Wengi wanakiita darubini, lakini hakivuti kitu karibu. Ndani yake kuna taa ndogo sana inayopiga mwanga kwenye kioo, na kioo kinaurudisha kwenye jicho lako. Hakuna mwanga unaokwenda kwa mnyama. Unaacha macho yote mawili wazi, unaweka nukta pale unapotaka risasi iende, basi. Kampuni ya Aimpoint ya Sweden ndiyo iliyoanza kukiuza kifaa cha aina hii kinachotumia umeme, mwaka 1975. Kwa hiyo sio uchawi wa jana.

Wapo wazee watakaosema, "Sisi tulipiga kwa macho tu." Sawa, shikamoo wazee. Lakini macho ya miaka 50 hayawezi kuona vizuri kwa pamoja chuma cha karibu, chuma cha mdomoni mwa bunduki na nguruwe aliye mita 40. Kidoti kinaondoa tatizo hilo, kwa sababu jicho linamtazama mnyama na nukta inakuwa palepale. Na wapo wanaotaka darubini kubwa ya kuvuta. Hiyo ni ya mbali. Simba akikujia kwa kasi kutoka mita 20, kwenye darubini ya kuvuta utaona manyoya matupu.

Kwa hiyo kidoti kinafaa. Kipi?

Soko lina madaraja matatu. Ligi kuu ni akina Aimpoint, ambapo unaanzia mamia ya dola. Chini kabisa kuna vidude vya dola 20 au 30 vilivyotengenezwa kwa ajili ya bunduki za kuchezea. Katikati, kuanzia chini kidogo ya dola 100 hadi 200, ndiko anakocheza mtu mwenye akili na mfuko mdogo. Humo kuna Bushnell TRS-25, kuna Romeo5 ya Sig Sauer, kuna Holosun. Dola 150 ni karibu Sh400,000 kabla ya usafiri na ushuru. Sio hela ya mchezo kwa mtu wa Rufiji.

Kabla hujatoa hata shilingi, pima mambo manne.

La kwanza ni ukubwa wa nukta. Nukta ya namba 4 inafunika karibu sentimita 12 kwa umbali wa mita 100. Sentimita 12 ndio unene wa juu kabisa wa mlingoti wa goli unaoruhusiwa. Nukta ya namba 2 inafunika nusu ya mlingoti. Umbali ukiwa mita 50, kata tena nusu. Kwa kazi ya shambani zote mbili zinatosha, usikubali kuongezewa bei kwa sababu hiyo.

La pili ni betri. Bushnell niliyoitaja inatajwa kukaa saa 3,000, yaani kama miezi minne ikiwashwa mfululizo. Romeo5 inatajwa saa 40,000, na inajizima yenyewe ikitulia, ukiigusa inawaka. Kwa askari anayeamshwa usiku wa manane, hiyo tofauti ni kubwa kuliko jina la kampuni. Kipa hatafuti glovu wakati mpira umeshapigwa.

La tatu ni mwanga. Kidoti cha kizembe hakionekani kwenye jua la saa saba mchana, na usiku kinawaka kama taa ya bodaboda mpaka kinakupofusha. Kifungue, kipeleke juani, kisha kipeleke chumba chenye giza. Kama hakishuki vya kutosha, kirudishe dukani. Na kama nukta unaiona ina mikia, mjaribishe na mwenzako kabla hujamlaumu muuzaji. Huenda tatizo ni jicho lako.

La nne, na hapa ndipo wengi wanapigwa bao, ni teke. Raifo kubwa za .375 na .458 zinazotumika kwa wanyama wakubwa zinapiga teke la punda. Kidude cha bei chee kinaweza kuvumilia risasi tano, ya sita nukta imehama na wewe hujui. Unalenga bega, risasi inakwenda tumboni. Umemjeruhi simba, na simba aliyejeruhiwa ni hatari kuliko yule ambaye hukumpiga kabisa. Mara nyingi mkosaji sio kidoti chenyewe, ni kishikizo na skrubu zake. Mtu ananunua kifaa cha Sh400,000 halafu anakifunga na chuma cha Sh20,000. Huko ni kumsajili straika wa nje na kumvalisha ndala.

Hata hivyo, vifaa sio kiini cha hoja yangu. Kiini ni mazoezi, na Rufiji yenyewe ina ushahidi wa zamani. Julai 6, 1915, meli mbili za Waingereza, Severn na Mersey, ziliingia delta kuitafuta meli ya kivita ya Wajerumani, Königsberg, iliyojificha kwenye mikoko. Zilipiga mizinga kwa saa nyingi na hazikuimaliza. Zilirudi Julai 11 na mizinga ileile, na ndege ikawa juu inatazama kila kombora linaangukia wapi na kutoa taarifa ili walenge upya. Siku hiyo Königsberg ilikwisha. Kilichoamua matokeo ni kupiga, kutazama lilikoangukia, kurekebisha, kupiga tena.

Kidoti nacho ni hivyohivyo. Ukikifunga leo bado hakijui risasi yako inakwenda wapi. Lazima uende uwanja wa shabaha, upige karatasi, urekebishe, upige tena mpaka nukta na tundu vikutane. Halafu urudie baada ya miezi kadhaa. Risasi za kazi hiyo ni gharama, na ndizo za kwanza kusahaulika kwenye bajeti, kama vile klabu zetu zinavyotangaza mastaa wapya wakati uwanja wa mazoezi ni wa kukodi.

Tusisahau pia giza. Kidoti hakimuliki. Bila tochi nzuri unaweka nukta kwenye kivuli, na nyuma ya kivuli hicho kunaweza kuwa na dungu lenye mama na watoto. Usichokitambua, na usichojua kilicho nyuma yake, usikipige.

Na tuwe wakweli kuhusu eneo lenyewe. Kibiti na Rufiji wanaijua bunduki iliyo mikononi mwa watu wabaya. Mwaka 2017 waliuawa askari polisi na viongozi wa vijiji, na makovu bado yapo. Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya 2015 ipo kwa sababu. Hivyo sisemi kila mkulima atafute raifo, wala usiagize kidoti mtandaoni kabla ya kuuliza polisi. Ninachosema ni kwamba wale wachache waliokabidhiwa kazi hii kihalali wapewe vifaa vya kazi.

Kuna watakaonijibu kwamba bora vidoti kumi vya bei chee kuliko vitatu vya maana, ili kila askari awe na chake. Napinga. Vitatu vinavyoshika shabaha, vyenye vishikizo imara na risasi za mazoezi, vinalinda vijiji vingi kuliko kumi vinavyohama. Timu haishindi kwa wingi wa majina benchi.

Kwa hiyo halmashauri, na kampuni zinazovuna watalii na wawindaji ukanda ule, zikikaa kupanga fedha za askari wa wanyamapori, mjumbe mmoja anyooshe mkono aulize: risasi za mazoezi zimetengwa ngapi? Jibu likiwa sifuri, hela ya kidoti ibaki benki mpaka jibu libadilike.