SHERIA NA NYUMBA YA ASKARI: Uthibitisho Uliocheleweshwa

Konstebo aliyepanga chumba Kyebando, kaskazini mwa jiji la Kampala, aweza kukesha lindoni mwaka baada ya mwaka na bado akaitwa konstebo wa majaribio. Majirani humwona amevaa sare kama wenzake; mkewe ndiye aijuaye tofauti. Pensheni na kupandishwa cheo hufuata uthibitisho wa kazi. Barua isipofika, aumiaye si askari peke yake.

Kuchelewa si lazima kuwe uonevu. Aghalabu jalada limepungukiwa na taarifa ya mkuu wa kituo au nakala ya cheti. Kwa hiyo silaha ya kwanza ni kalamu. Askari na aandike kupitia kwa mkuu wake, ataje namba yake, tarehe ya kuajiriwa na tarehe ambayo majaribio yalikwisha, kisha aambatishe nakala ya barua ya uteuzi. Nakala moja ya barua hiyo igongwe muhuri wa kupokelewa na kuhifadhiwa nyumbani, na mke ajue ilipo, kwani askari huhamishwa ghafla. Asipojibiwa, aandike Makao Makuu ya Polisi, Naguru. Akiombwa "chai" ili jalada lisogee, akatae: Sheria ya Kupambana na Rushwa ya mwaka 2009 humtia hatiani mtoaji na mpokeaji.

Asidhani kuwa kimya ni uthibitisho, wala asidhani kuwa hana mtetezi. Ibara ya 42 ya Katiba ya mwaka 1995 humpa kila mtu anayefika mbele ya ofisi ya utawala haki ya kutendewa kwa uadilifu, na ya kwenda mahakamani juu ya uamuzi uliomgusa. Ibara ya 173 hukataza mtumishi wa umma kufukuzwa, kushushwa cheo au kuadhibiwa bila sababu ya haki. Ikiwa kikwazo ni taarifa mbaya juu ya mwenendo wake, aombe kuelezwa na kusikilizwa.

Malalamiko juu ya uzembe wa ofisi hupokelewa pia na Mkaguzi Mkuu wa Serikali. Mwisho ipo Mahakama Kuu, iwezayo kumwamuru mwenye mamlaka atimize wajibu wake. Yafaa kufahamu kwamba mahakama haigawi vyeo. Humlazimisha mwenye kugawa atoe uamuzi.

Hapo kuna mitego miwili. Kanuni zilizorekebishwa mwaka 2019 humtaka mlalamikaji amalize kwanza njia zilizomo ndani ya idara yake. Na kanuni za mwaka 2009 humtaka afungue shauri upesi, kabla ya kupita miezi 3 tangu sababu ya malalamiko ilipotokea. Muda huo huongezwa kwa sababu nzito tu. Basi anayengoja kwa heshima bila kuandika hupoteza siku zake. Barua ya uteuzi na isomwe leo, tarehe ya mwisho wa majaribio iandikwe ukutani, na ikipita bila jibu, kalamu ishikwe wiki hiyo hiyo.