Shahidi Asiye na Mwenzake

Toleo hili lilianza kunikera kabla halijafika kwa mpiga chapa. Tuliomba makala kuhusu vitabu vya kumbukumbu vya askari wa Kiingereza waliopigana katika vita vikuu viwili, na waandishi wetu wakagawanyika kambi mbili. Wanahistoria wanasema vitabu hivyo vina chumvi nyingi: tarehe zimepishana, mazungumzo yametungwa miaka kumi baadaye, kwa hiyo ushahidi utafutwe kwenye hati za serikali. Watu wa fasihi wanajibu kwamba Robert Graves, mmoja wa askari hao, ni msanii, na msanii hadaiwi tarehe. Nimewasoma wote kwa makini, na wengine nimebishana nao kwa simu hadi usiku. Msimamo wangu haujabadilika: kambi zote mbili zimekwepa kazi ileile. Kitabu cha kumbukumbu hakihukumiwi kikiwa peke yake. Unakifungua, unafungua cha pili kando yake, unauliza nani mwingine alikuwapo siku ile na alikuwa amesimama wapi.

Tuchukue batalioni ya pili ya Royal Welch Fusiliers katika vita vikuu vya kwanza. Walipita humo, kwa nyakati zilizokaribiana, watu wanne ambao vitabu vyao tunavyo: Graves aliyetoa Good-bye to All That mwaka 1929, Siegfried Sassoon aliyefuata mwaka 1930 na Memoirs of an Infantry Officer, Frank Richards aliyechapisha Old Soldiers Never Die mwaka 1933, na daktari wa kikosi, J. C. Dunn, aliyekusanya The War the Infantry Knew mwaka 1938 bila hata kuweka jina lake. Sijui kikosi kingine cha vita vile kilichoshuhudiwa hivi, kutoka juu, kutoka chini na kutoka kitanda cha majeruhi.

Ndiyo maana Graves hakuachwa apite. Sassoon alipokiona kitabu cha Graves alighadhibika, na mchapishaji akalazimika kuondoa barua yake ya kishairi ambayo Graves aliitumia bila ruhusa. Pia Sassoon aliketi na Edmund Blunden, mwandishi wa Undertones of War, na nakala moja ya kitabu cha Graves, wakaanza kuandika kandokando ya kurasa: hapa umekosea, hapa haikuwa hivi, hapa umejisifu. Nakala hiyo ipo hadi leo katika maktaba kuu ya umma ya New York. Yeyote anayedai kwamba fasihi ya vita haina cha kuulizwa aanzie kwenye kurasa hizo, maana waliouliza walikuwa washairi, tena walitoka kwenye mahandaki yaleyale.

Graves aliwajibu mwaka 1930 kwa hoja ambayo kambi zetu mbili huitaja bila kuifikiri. Alisema kumbukumbu za mtu aliyepitia mahandaki haziwezi kuwa za kweli kama hazina makosa mengi ndani yake, kwa sababu mizinga huvuruga akili, na mwenye kukumbuka kila kitu kwa mpangilio huyo hakuwapo. Naikubali hoja hii. Graves alipigwa na kombora karibu na High Wood Julai 1916, mkuu wa kikosi akamwandikia mama yake barua ya rambirambi, gazeti la The Times likamtangaza kuwa amekufa, naye akatimiza miaka 21 akiwa hospitalini. Sitamdai kijana huyo kalenda. Lakini hoja yake inasimama kwa sababu tunaweza kuyaona makosa yake yako wapi, na tunayaona kwa kuwa Sassoon, Dunn na Richards nao waliandika.

Richards ndiye ninayempenda kuliko wote, na nasikitika kwamba katika makala zote tulizopokea ametajwa mara mbili tu. Alikuwa mchimba makaa wa Wales, askari wa akiba aliyeitwa Agosti 1914, akabaki upande wa magharibi hadi vita vinakwisha. Alipata nishani mbili za ushujaa, akakataa kupandishwa cheo. Katika kitabu chake maofisa wanaonekana kutoka chini: nani alikuwa jasiri, nani mlevi, nani aliwatuma watu usiku kutengeneza waya bila sababu. Jambo ambalo waandishi wetu wamelinyamazia ni kwamba Graves alimsaidia kuuandaa mswada huo, na jina lake halikuwekwa. Hata sauti ya askari wa chini ilipita kwenye kalamu ya ofisa. Halimpunguzii Richards lolote, ila linatulazimu kuuliza swali ambalo nalitaka liulizwe kwa kila kitabu cha aina hii: kalamu ilikuwa ya nani?

Sasa tuje Tanga, ambako swali hili linauma zaidi. Novemba 1914 jeshi la watu wapatao 8,000 kutoka India lilishuka pale chini ya Jenerali Aitken, likashindwa na kikosi cha kamanda wa Wajerumani, von Lettow-Vorbeck, chenye askari kama 1,000 hivi. Kwa miongo mingi masimulizi ya siku hizo yaliyosomwa kuliko mengine ni ya Richard Meinertzhagen, ofisa wa ujasusi, ambaye shajara yake ya jeshini ilichapishwa mwaka 1960. Imeandikwa kwa mkono mwepisi, na mwandishi wake yumo katika kila tukio kubwa, akijua kabla ya wakuu wake kwamba mambo yataharibika. Vitabu vingi vya historia ya vita vya Afrika Mashariki vilimnukuu. Baadaye wataalamu wa ndege walithibitisha kwamba aliiba ngozi za ndege kwenye makumbusho na kuziwekea lebo za uongo, na waliochunguza shajara zake wakaonyesha kwamba alizipiga chapa upya na kuzibadilisha muda mrefu baada ya matukio. Wanandi walimjua mapema: ndiye aliyemuua kiongozi wao, Koitalel arap Samoei, mwaka 1905, katika mkutano ulioitwa wa amani.

Kwa nini Graves alikamatwa ndani ya wiki chache, na Meinertzhagen akaachwa miongo? Kwa sababu huku hapakuwa na Richards. Askari wa Kihindi aliyekimbia kati ya mikonge, askari wa Kiafrika wa upande wa Wajerumani aliyemlenga, mpagazi aliyebeba masanduku ya risasi ufukweni, wote walishuhudia, na hakuna hata mmoja ambaye kitabu chake kiliwekwa kando ya kile cha Meinertzhagen. Shahidi asiye na mwenzake husema apendavyo.

Hapo ndipo ninapotofautiana na wenzetu wanaotaka vitabu vya Waingereza vitupwe kwa kuwa vimewasahau babu zetu. Vitabu hivyo vimewaona wapagazi mara nyingi kuliko vinavyokiri. Francis Brett Young, daktari aliyefuata jeshi la Waingereza la Jenerali Smuts kando ya mto Pangani mwaka 1916, na Robert Dolbey, daktari mwingine wa vita hivyohivyo, wanaandika kuhusu barabara, mvua, malaria na chakula kisichofika. Kila chakula kilichofika kilifikishwa na mtu. Waingereza walitumia wapagazi wanaokadiriwa kufika milioni moja katika vita hivyo, na waliokufa wanakadiriwa kuwa karibu 95,000, wengi kwa kuhara damu, malaria na unga wa mahindi uliosagwa vibaya, walioupika nusunusu kwa kukosa muda na kuni. Msomaji anayejua takwimu hizo husoma aya ya Brett Young kuhusu kambi ya usiku akawaona watu ambao mwandishi hakuwapa majina. Tume ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola yenyewe ilikiri mwaka 2021 kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao Waafrika na watu wa Mashariki ya Kati, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa. Ukitupa vitabu vya madaktari hao umetupa baadhi ya mashahidi wachache waliowakaribia.

Vita vya Bama vinatupa nafasi bora, na toleo hili limeitumia kidogo mno. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilishuka bonde la Kabaw katika masika ya 1944, matope yakifika magotini, chakula kikidondoshwa kwa ndege, hadi ikaichukua Kalewa na mto Chindwin ukawekewa daraja Desemba. Gerald Hanley aliandika habari zake mapema katika Monsoon Victory, mwaka 1946. John Nunneley, aliyekuwa luteni kijana wa Keya (King's African Rifles), alisubiri hadi 1998, na anawasimulia askari wake wa Tanganyika kwa mapenzi ya wazi. Na safari hii yupo mwenzao: Waruhiu Itote, koplo wa Keya ambaye baadaye aliitwa Jenerali China, aliyechapisha Mau Mau General mwaka 1967. Anasimulia jinsi askari wa Kiingereza alivyomuuliza huko Bama kwa nini Waafrika wanapigania dola ya wengine badala ya kujikomboa wenyewe. Hanley na Nunneley waliona utiifu. Koplo aliyetembea njia zilezile alikuwa anawaza jambo lingine kabisa, na hawakulijua. Msomaji anayemsoma Nunneley bila Itote, au Itote bila Nunneley, ameusoma mkono mmoja.

Yaliyomo mengine yanajitosheleza. Makala kuhusu meli Khedive Ismail, iliyozamishwa tarehe 12 Februari 1944 na watu 1,297 wakafa, wengi wao wapiga mizinga wetu, isomwe kwanza. Uchambuzi wa Keith Douglas na vifaru vya jangwani ni mzuri, ingawa mrefu. Mapitio ya Spike Milligan ni mafupi na yanatosha. Aliyeandika juu ya Utenzi wa Vita vya Uhuru wa Shaaban Robert ametukumbusha kwamba kazi yetu kubwa ya Kiswahili juu ya vita vikuu vya pili ilitoka kwa mtumishi wa serikali ambaye hakwenda mstari wa mbele. Natamani mwandishi huyo angeendelea na kuuliza kwa nini wazee wa Bama wenyewe hawakuandika, au kama waliandika, karatasi zao ziko wapi.

Kwa toleo lijalo, basi, tunaomba kitu kimoja: barua, daftari na kanda zilizorekodiwa za wazee wa Keya na wapagazi, zilizo mikononi mwa familia. Leteni nakala, zile asili zibaki nyumbani. Msisahihishe lugha, msipange upya tarehe zinazopishana, na kila mnachotuma kiambatane na maelezo ya nani alisimulia, nani aliandika, mwaka gani, na nani mwingine alikuwapo chumbani.