Mtunzi Yeye, Muongozaji Yeye: Acheni Kumcheka!

Filamu ya Kibongo ikitoka tu, watu mbio mitandaoni kucheka majina yanayopita mwishoni: mtunzi yeye, muongozaji yeye, mhariri yeye, steringi yeye. Eti anajipenda sana! Jamani, acheni hizo.

Ukweli ni kwamba hela hakuna. Mpiga kamera, mtu wa sauti, mhariri, wote wanataka chao mkononi, siyo ahadi. Asiye na mfadhili anabeba mwenyewe. Robert Rodriguez alifanya hivyohivyo: El Mariachi ya 1992 aliiandika, akaiongoza, akaipiga picha na kuihariri kwa dola 7,000 hivi. Huyo anaitwa jiniasi, ila wa Sinza anaitwa mbinafsi!

Wa kusemwa wapo. Enzi za DVD za Kariakoo, wapo wasambazaji waliokuwa wananunua filamu na haki zake zote kwa mkupuo. Msanii anapewa chake, basi. Nakala ziuzwe mwaka mzima, hayamhusu tena. Hapo angepata wapi hela ya kuajiri watu?

Ila naye asijifiche humo. Uhariri amwachie mwingine. Aliyeandika, akaongoza na kucheza ana huruma na kila kipande, hata kinachochosha watu. Na kabla ya kusaini, asome mkataba. Haki za filamu ndiyo shamba lake. Akiuza mavuno, atalima tena. Akiuza shamba, anabaki kibarua, hata jina lake liandikwe mara tano.

Au siyo, wadau?