Walinzi wako wasubiri kivuko Kilambo

Mwandishi, hao walinzi wa wakati uliopotea wa kitabu chako umewabuni vizuri, ila ungewaleta kwanza Kilambo, mpakani upande wa Tanzania. Ukivuka mto Ruvuma unafika Namoto, Msumbiji, na mbele yake ndiyo Kionga. Wajerumani waliinyakua mwaka 1894, Wareno wakaitwaa Aprili 1916, Mkataba wa Versailles ukawahalalishia mwaka 1919. Nani anautunza wakati ule? Wakusanya stempu wa Ulaya, kumbe! Wareno walipiga chapa jina la Kionga juu ya stempu za Lourenço Marques, na hadi leo zinanunuliwa na watu wasioujua hata huo mto. Nao Wamakonde wa ng'ambo zote mbili za Ruvuma wanaoana na kuzikana kama kawaida. Wazee wao mbona hujawapa hata sura moja?