Milima tunayo, mashindano ya baiskeli yako wapi?

Kijana mwenzetu, simama asubuhi kando ya barabara ya Kericho kwenda Litein utamwona. Yuko juu ya Black Mamba, nyuma amefunga mitungi ya maziwa au gunia la majani chai, na mlima anaupanda bila kushuka. Sisi tunampita tukiwa ndani ya matatu, hata hatumtazami mara mbili.

Sasa mkumbuke Chris Froome. Alizaliwa Nairobi mwaka wa 1985, akafunzwa mbio za baiskeli kule Kikuyu na David Kinjah. Mwaka wa 2006 alivaa jezi ya Kenya katika Michezo ya Jumuiya ya Madola, Melbourne. Mwaka huo huo alitaka kushiriki Mashindano ya Dunia kule Salzburg, na mwenyewe ameeleza kwamba aliingia kwenye barua pepe ya shirikisho akajiandikisha kisirisiri. Mnamo 2008 akachukua leseni ya Uingereza. Alipotwaa Tour de France mwaka wa 2013, kisha 2015, 2016 na 2017, bendera iliyopepea haikuwa yetu.

Wapo wanaomwita msaliti. Hapana. Kijana akilazimika kujifanya afisa ndipo apate nafasi ya kushindana, wa kulaumiwa si yeye.

Na usiseme ati Froome alikuwa na bahati ya Mzungu. Suleiman Kangangi aliacha shule kwa kukosa karo, lakini mwaka wa 2017 alimaliza wa tatu katika Tour du Rwanda. Aliwashika mkono chipukizi wengi mpaka Agosti 2022, alipofariki baada ya kuanguka mashindanoni Vermont, Marekani. Alikuwa na miaka 33 tu.

Majirani hawakulala. Biniam Girmay wa Eritrea alishinda hatua tatu za Tour de France 2024 na kurudi nyumbani na jezi ya kijani. Septemba 2025 Kigali ikaandaa Mashindano ya Dunia ya barabarani, ya kwanza kabisa Afrika. Vilima vile viliwatesa mabingwa: katika mbio kuu za wanaume, 30 tu ndio waliofika mwisho. Kigali iko kwenye mita kama 1,500 juu ya usawa wa bahari. Mji wa Kericho uko karibu mita 2,000. Piga hesabu.

Medali ya kwanza ya Kenya katika Olimpiki ililetwa na mtu wa Kericho, Wilson Kiprugut, Tokyo 1964. Kwa hivyo mapafu hayajawahi kuwa shida huku. Shida ni baiskeli ya mbio, ambayo bei yake inamtoa jasho hata mzazi mwenye bonasi nzuri ya chai, na barabara isiyo na pembeni pa kupitia, lori likikujia ni mtaroni.

Baiskeli za bei hiyo kaunti haziwezi kumnunulia kila mtu, tunajua. Lakini kufunga barabara kutoka Silibwet hadi Kaplong Jumapili moja asubuhi, polisi wawe njiani, ambulensi iwe tayari, na mwenye Black Mamba awe na kundi lake la kushindania zawadi, hilo linahitaji mabilioni gani? Vikao vya umma vya bajeti vikiitishwa wadini yenu, usiwaachie wazee peke yao. Nenda, omba kipaza sauti, uliza hivyo.